Ukitaka Kupiga Picha Chini ya Maji, Ogopa Nchi Kavu

Mwongozo huu ni wa kijana wa Iringa au Mbeya aliyetazama filamu moja ya samaki, akairudia mara ya pili na ya tatu, kisha akawatangazia watu wa nyumbani kwamba ameshajua atakachofanya maishani: atakuwa mpiga picha wa filamu za chini ya maji. Haukuandikwa ili kumkatisha tamaa. Kukatishwa tamaa atakatishwa na wengine, tena bila malipo, kuanzia mezani usiku uleule. Baba atauliza kama kazi hiyo hutangazwa kwenye ajira za serikali. Shangazi atauliza kama ina bima ya afya. Mama hatauliza kitu. Kesho yake ataonekana akitoka kuongea na mchungaji.

Tunalotaka alijue kabla hajauza pikipiki ni kwamba wote hao wanaogopa mahali pasipo. Wanaogopa maji. Katika kazi hii maji ndiyo mapumziko. Hatari iko nchi kavu, na Nyanda za Juu Kusini zina nchi kavu nyingi, tena iliyosimama wima.

Kwanza, hakikisha una maji

Iringa imekaa kilimani, kama mita 1,600 juu ya usawa wa bahari. Mwezi wa saba hata maji ya kunawa uso hutazamwa kwanza kabla ya kuguswa. Mtu aliyekulia Kihesa au Mlandege anaweza kufika chuo kikuu bila kulowana zaidi ya magoti, na hakuna atakayemlaumu. Kwa hiyo somo la kwanza ni kuogelea, na utalisomea ama kwenye bwawa la hoteli, ukilipia kiingilio na soda usiyoitaka, ama kwenye Ruaha Mdogo, ambako walimu wako watakuwa watoto wa miaka tisa wasio na huruma.

Mtu wa Iringa ana msiba wake mwingine. Mkoa wake ulikuwa na ufuko wa Ziwa Nyasa kule Ludewa, pamoja na Lupingu na Manda, mpaka mwaka 2012 ulipozaliwa mkoa wa Njombe. Ludewa ikaenda Njombe, ziwa likaifuata, na hakuna tone lililomwagika. Jina ndilo lililobaki majini: MV Iringa, meli iliyopiga kazi Nyasa miaka mingi pamoja na MV Songea. Mbeya nayo ina MV Mbeya II. Kwa hiyo miji miwili ya milimani ina meli, na wakazi wake wengi hawajawahi kupanda hata mtumbwi.

Utaambiwa usihangaike kwenda mbali, Iringa ina mto Ruaha Mkuu. Ni kweli. Una mamba, una viboko, na kuna miezi hauna maji. Tangu mwaka 1993 mto huo umekuwa ukikatika wakati wa kiangazi ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha, yakabaki madimbwi tu hapa na pale. Lawama nyingi zimeelekezwa huko juu, kwenye bonde la Usangu, ambako maji huingizwa mashambani kumwagilia mpunga. Ihefu, ardhi oevu inayoutunzia mto huo maji, iliondolewa wafugaji na mifugo yao mwaka 2006 kwa matumaini kwamba mto utapona. Kwa mpiga picha wa chini ya maji maana yake ni hii: wali anaokula mtu wa Usangu unamnyima kazi mtu wa Iringa, na mwezi wa kumi ataweza kurekodi sakafu ya mto akiwa amevaa viatu.

Hata maji yanapokuwepo, hayaonekani kitu. Ni tope, na ndani ya tope kuna kiboko asiyependa kushtuliwa. Ukitaka kujua kiboko anavyopokea wageni, uliza habari za chemchemi ya Mzima, Tsavo Magharibi nchini Kenya. Maji yake ni meupe kama ya kunywa, na ndiyo yaliyowafanya Alan Root na mkewe Joan wazamie humo na kamera kurekodi viboko wakitembea chini kwa chini. Filamu yao ya Mzima ikapata sifa kubwa. Wakarudi tena. Mwaka 1974 kiboko mmoja akawaona wamezidi: jino lake lilipasua miwani ya Joan usoni, kisha akamng'ata Alan mguuni. Hayo yalitokea penye maji unayoweza kuona mbali. Sasa fikiria Ruaha, penye maji ya rangi ya chai ya maziwa. Mark Deeble na Victoria Stone waliirudia Mzima baadaye na kutoa filamu nyingine mwaka 2001, wakiwa wamekaa muda mrefu kiasi cha kujua kiboko yupi ana hasira na yupi ana usingizi. Kukaa huko ndiko kazi yenyewe. Anayekuja kwa wiki moja hurudi na picha za mapovu.

Iringa imebakiwa na kitu kimoja zaidi, na tunakitaja kwa haki tu. Kwenye korongo la Kihansi, mpakani na Morogoro, kulikuwa na chura mdogo anayeishi ndani ya manyunyu ya maporomoko. Akajulikana kwa sayansi mwaka 1996. Mwaka 2000 bwawa la umeme likachukua sehemu kubwa ya maji, manyunyu yakakauka, na kufikia mwaka 2009 akatangazwa kwamba ametoweka porini. Waliokuwa wamepelekwa kulelewa Marekani, katika bustani za wanyama za Bronx na Toledo, ndio waliomwokoa, na mwaka 2012 walianza kurejeshwa nyumbani. Ukiamua kumfuata huyu, huhitaji mtungi; unahitaji mwavuli wa kamera na kibali cha kuingia mahali palipolindwa kuliko benki. Unahitaji pia moyo wa kueleza katika kila kikao cha ukoo kwa nini chura amewahi kufika Amerika na wewe bado.

Pili, mtungi na konda

Tuseme umekubali kwamba maji yako yapo Matema, Kyela, ufukweni mwa Ziwa Nyasa. Utapanda basi, utapita Mafinga, Makambako, Igawa na Chimala, zaidi ya kilomita 300 mpaka Mbeya, kisha kutoka stendi ya Nanenane utatafuta gari la kuteremka Tukuyu. Hapo ndipo utakapokutana na mtihani wa kwanza wa taaluma, naye ni konda.

Konda ataona mtungi wako. Kwake mtungi ni gesi ya kupikia. Utamweleza kwamba ndani mna hewa. Atakuangalia usoni kwa muda. "Hewa?" atauliza, akigeukia abiria wengine ili wasikie wote. "Hewa si hii hapa, kaka? Unaibeba ya nini?" Usijaribu kujibu kwa fizikia. Toa nauli ya mzigo, kisha kaa karibu na buti, maana kila kituo mtungi utashushwa na kupandishwa na mtu mpya atakayeuliza upya.

Hewa yenyewe ni shida nyingine. Mtungi wa kuzamia hujazwa mpaka kama baa 200. Kompresa utakazokutana nazo njiani ni za mafundi wa pancha, zinazotoa baa nane au kumi na zinapikwa na jua pembeni mwa dumu la oili chafu. Fundi wa Uyole ni mtu mwema, na atakwambia kwamba kama imejaza tairi la Scania haiwezi kushindwa na kijimtungi hicho. Mshukuru, mnunulie maji, ondoka. Hewa iliyochanganyika na moshi wa oili au wa injini ukiivuta juu ya ardhi inakuumiza kichwa. Ukiivuta mita 20 chini inakulaza, na mtu hapaswi kulala mita 20 chini. Kwa hiyo utanunua kompresa yako ya kuzamia, na utaibeba. Sasa una mitungi, kompresa, dumu la petroli, kamera, taa, na kasha la kamera lisiloingiza maji ambalo mara nyingi hugharimu zaidi ya kamera linayoibeba.

Kasha hilo linalindwa na ringi ya mpira isiyozidi unene wa tambi. Unywele mmoja ukilala juu yake, au punje ya mchanga wa Matema, maji yataingia polepole na kwa adabu, na hutajua mpaka picha igeuke ya kijani. Ndiyo maana utakuta watu wazima, wenye shahada, wamekaa chini ya mwembe saa kumi na moja alfajiri wakilamba kidole na kukipitisha kwenye mpira, wakitafuta kitu kisichoonekana. Usiwasalimie.

Tatu, barua yenye muhuri

Kurekodi filamu Tanzania kunataka kibali cha Bodi ya Filamu, kwa sheria ya mwaka 1976. Ukiingia hifadhi ya taifa kuna TANAPA. Ukitaka kurusha droni kuna Mamlaka ya Usafiri wa Anga. Ukisema neno "utafiti", hata kwa bahati mbaya, umeshaingia COSTECH. Vibali vyote hivyo vinapatikana, na mtu mwenye subira huvipata. Lakini ukifika kijijini na jalada lako nene, utagundua kwamba halmashauri ina chake, kijiji kina chake, na kikundi cha usimamizi wa uvuvi ufukweni, BMU, ndicho chenye ziwa hasa.

Mazungumzo na mtendaji wa kijiji yatakwenda hivi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Karibu. Umesema mnarekodi nini?"

"Samaki, mzee."

"Wa kuuza?"

"Hapana, mzee. Wa kutazama tu. Tunawarekodi wakiwa hukohuko chini."

"Halafu?"

Hilo "halafu" ndilo swali gumu kuliko yote katika taaluma hii, na chuo chochote kinachotoa shahada ya utengenezaji filamu kingepaswa kulitungia mtihani wa saa tatu. Ziwani hapa samaki huvuliwa, hukaangwa, hukaushwa, huuzwa. Usipokuwa na jibu, barua yako itasubiri mpaka mwenyekiti arudi kutoka msibani. Jibu linalofanya kazi, na ni la kweli, ni kuwaahidi kwamba filamu ikikamilika mtarudi kuwaonyesha, kwa turubai na jenereta, pale kwenye uwanja wa shule. Wengi wameahidi hivyo. Ukiwa wewe ndiye utakayerudi, utakuwa na maji yako maisha yote.

Kuna jambo la mpaka pia, na usilichukulie kwa utani ukiwa karibu na askari. Tanzania inasema mpaka na Malawi uko katikati ya ziwa. Malawi inashikilia mkataba wa mwaka 1890 kati ya Waingereza na Wajerumani na kudai kwamba maji yote ya upande wa kaskazini ni yake hadi ufukweni. Mzozo ulichemka upya mwaka 2012 kwa sababu ya utafutaji wa mafuta, na marais wastaafu wakaombwa kusuluhisha. Kwa mpiga picha, ukiamini ramani ya Lilongwe, ukiloweka vidole Matema umeshatoka nchini bila pasipoti. Ukiamini ya Dodoma, una kilomita nyingi za kuzamia kwa amani. Samaki hawajaulizwa.

Nne, hatimaye maji

Hapa tutakaa kidogo, maana umevumilia.

Matema ipo pembe ya kaskazini ya Ziwa Nyasa, chini ya Milima ya Livingstone, karibu mita 475 juu ya usawa wa bahari. Mlima unashuka moja kwa moja majini bila kusita, na ukienda kwa mtumbwi upande wa Ikombe, kule wanakofinyanga vyungu vya Wakisi, mawe ya mlimani unayaona yakiendelea kushuka chini ya maji kama ngazi za jengo lililozama. Ziwa lina kina cha karibu mita 700. Samaki wote wako sehemu ya juu. Kuanzia kama mita 200 na kitu kwenda chini hakuna oksijeni ya kutosha kumtunza samaki. Huko chini mchana hujificha viluwiluwi vya inzi wa ziwani, wakiwakimbia walaji, na usiku hupanda. Wakikomaa hupaa kwa mawingu meusi yanayoonekana kutoka mbali kama moshi wa shamba linaloungua. Watu wa pande hizi huwakusanya na kuwakanda mkate. BBC waliwarekodi, pamoja na samaki wa ziwa hili, katika mfululizo wa Planet Earth mwaka 2006, kwenye sehemu ya maji baridi. Ukikumbana na wingu hilo ukiwa na kamera wazi, funga mdomo kwanza, kamera baadaye.

Ziwa Nyasa linahesabiwa kuwa na aina nyingi za samaki kuliko ziwa lolote duniani. Ni mamia kwa mamia, na karibu wote wa jamii ya sikilidi hawapatikani kwingine. Katika maduka ya samaki wa mapambo huko Ujerumani utakuta samaki wa kioo wanauzwa kwa majina ya vijiji vya Ludewa: huyu wa Lupingu, yule wa Makonde. Mtu anayewajua kwa picha kuliko wengi ni Ad Konings, mzaliwa wa Uholanzi, aliyezamia humu kwa miongo na kuandika kitabu kinene kinachochapwa upya kila samaki wanapoongezeka. Samaki wengine wana majina ya Kilatini yaliyotokana na wageni waliopita tu. Sisi wa hapa tunajua mbasa, tunajua magege, tunajua usipa. Baada ya hapo kwetu wote ni kitoweo. Hilo ndilo linalotuuma kidogo tunapoandika mwongozo huu wa kejeli: maktaba hii ipo chini ya Tukuyu, na wanaoisoma huja na ndege.

Sasa tazama mmoja. Wataalamu humwita Nimbochromis livingstonii. Ana mabaka ya kahawia na meupe kama nyama iliyokaa juani siku mbili. Anashuka mchangani, anajilaza ubavu, na anatulia. Ametulia hasa, mapezi hayatikisiki. Vidagaa vinapita, vinasita, vinarudi. Kimoja kinajongea kudonoa maiti. Maiti inageuka, na kidagaa hakipo.

Tendo lenyewe ni kufumba na kufumbua. Kulala kwake kabla ya hapo kunaweza kuchukua dakika nyingi, na yeye hana haraka kwa sababu hana mtungi. Wewe unao, na kwa kina cha mita 15 unakupa saa moja ukiwa mtulivu. Mtulivu hutakuwa. Kila ukitoa pumzi mapovu yanapiga kelele, vidagaa vinatawanyika, maiti inafungua jicho moja na kukuangalia kama mtu aliyeharibiwa biashara. Basi unajifunza kupumua kidogo, kukaa kidogo kidogo, kutopiga teke hata msuli wa mguu ukikutesa, maana pezi likigusa mchanga utakaa dakika kumi ndani ya ukungu wako mwenyewe. Rangi nyekundu imeshapotea kwa kina hicho, kwa hiyo unahitaji taa. Taa ikiwaka, samaki anaondoka. Maji haya hayana chumvi, kwa hiyo mkanda wa vyuma uliouzoea ukiwa Unguja utakuzamisha kupita kiasi. Punguza kilo mbili. Hayo yote ni matatizo mazuri. Utayasimulia kwa furaha.

Usisahau jike la sikilidi linaloatamia mdomoni, lenye mayai na kisha watoto kinywani karibu wiki tatu bila kula. Wala kampango, kambare mkubwa ambaye jike lake hutaga mayai yasiyorutubishwa ili watoto wapate chakula. Mtu yeyote aliyewahi kuwa msaidizi wa kubeba mitungi kwenye kambi ya wageni, akisubiri posho iliyoahidiwa, atawarekodi wazazi hawa kwa heshima ya pekee.

Hatari za majini zenyewe, ukizichunguza, ziko ukingoni. Mamba huvizia midomo ya mito, Kiwira, Mbaka na Lufilyo, palepale maji yanapokuwa na tope. Kichocho hakikusubiri penye kina. Kipo kwenye majani ya ufukweni, kwa konokono, pale unapoketi kuvaa mapezi ukijiona uko salama. Kunywa dawa, lakini baada ya wiki kadhaa, kwa sababu dawa huua minyoo iliyokomaa, michanga huipita. Na upepo wa kusini-mashariki wa katikati ya mwaka ukianza kuvuma, mtumbwi wako hautaweza kutia nanga, utakaa ufukweni siku tatu ukiangalia mawimbi na kusikiliza ushauri.

Tano, kurudi nyumbani ndiko kunakoua

Hapa tunaacha utani kwa aya mbili, kisha tutaendelea nao.

Ukikaa chini ya maji, nitrojeni inaingia mwilini kwa shinikizo. Ukipanda polepole inatoka polepole. Ukipanda haraka inafanya kama soda iliyotikiswa ndani ya Coaster kisha ikafunguliwa. Kila mzamiaji anajua hilo, na ndiyo maana huambiwa asipande ndege mara tu baada ya kuzamia: Divers Alert Network, shirika la usalama wa wazamiaji, hupendekeza usubiri angalau saa 12 baada ya mzamo mmoja wa kawaida, na saa 18 ukiwa umezamia mara kadhaa au siku mfululizo. Ushauri huo unahusu shinikizo la hewa ya ndani ya ndege linalolingana na kuwa kati ya mita 600 na 2,400 juu ya usawa wa bahari.

Matema ni mita 475. Barabara ya Tukuyu kwenda Uyole, ikipita milima ya Poroto, iko juu ya mita 2,000. Kwa hiyo mtu wa Mbeya anayemaliza mzamo wake wa mwisho saa nane mchana na kuwahi gari la saa tisa amepanda ndege. Imeandikwa "Mungu ni Mwema" kwenye kioo cha nyuma, ina magunia ya mchele wa Kyela na kuku wawili, lakini damu yake haijui tofauti. Viungo vitaanza kumuuma karibu na Kiwira. Atachoka, atasikia ganzi. Zahanati watampima malaria, na kwa kuwa Kyela ni Kyela, inaweza kupatikana kweli. Chemba ya mgandamizo ya kumtibu Mbeya haipo, na ya pwani inafikiwa kwa kupanda tena juu.

Dawa yake ni kukaa. Lala Matema usiku ule, kesho yake kula wali kwa mbasa, tazama wavuvi wa usipa wakirudi na karabai zao, na uondoke jioni au kesho kutwa. Ni nadra kupata taaluma ambayo siku ya ziada ufukweni ni agizo la kitabibu. Tatizo ni kumweleza mtayarishaji, aliyeko Dar es Salaam au Bristol, kwa nini bajeti ina usiku mmoja ambao hakuna mtu aliyelowana. Andika "usalama", usiandike "mbasa".

Sita, Masoko, na swali lisiloisha

Ukishazoea, utatamani ziwa dogo. Nenda Masoko, Rungwe, ambalo wengine huliita Kisiba: ziwa la kreta la duara, kama mita 700 kutoka ukingo hadi ukingo, limezungukwa na msitu. Lina samaki ambao mwaka 2015 walitoka katika jarida la Science. Watafiti wa Uingereza, pamoja na Benjamin Ngatunga wa Taasisi ya Utafiti wa Uvuvi Tanzania, walionyesha kwamba sikilidi wa aina moja humo wanajigawa kuwa wawili mbele ya macho yetu: wa pembeni, madume yao ni ya njano, wa kina cha kama mita 20 na zaidi, madume yao ni ya buluu, kwa sababu huko chini mwanga ni mwingine na chakula ni kingine. Mgawanyiko huo ni wa juzi, karne chache tu kwa hesabu za viumbe. Kuna watu hukodi meli za utafiti kwa mamilioni wakitafuta kitu kama hicho. Hiki kipo kando ya migomba.

Lakini Masoko ilikuwa na kambi ya Wajerumani, na wenyeji wanasimulia kwamba walipozidiwa katika Vita Kuu ya Kwanza, Wajerumani walitumbukiza ziwani silaha na mali zao. Kwa hiyo hakuna mtu atakayeamini kwamba umekuja na taa, mitungi na kamera ya bei ya nyumba kutazama samaki wa urefu wa kidole. Ukiingia majini, watu watajaa ukingoni. Ukitoka, macho yote yatakuwa kwenye begi, si usoni pako. Ukipumzika siku moja, itasemekana umelikuta sanduku la mali na unatafuta mnunuzi.

Timiza ahadi uliyotoa kwa mtendaji. Funga turubai jioni uwanja wa shule, washa jenereta, waonyeshe. Watatazama kwa heshima tangu mwanzo mpaka mwisho: dume la njano likifukuza jirani, dume la buluu likipita gizani kama kibiriti. Watoto watacheka pale samaki anapoikaribia kamera na kuigonga. Wazee wa mbele watasema "ndaga fijo", asante sana, na mmoja wao, aliyekaa kimya muda wote akiwa ameshika fimbo yake, atasogea karibu na sikio lako.

"Vizuri sana, mwanangu. Sasa sanduku liko upande gani?"